Kwa Nini Wakamwana wa Lusungwi Huita Majina Ukungu Ukipanda

Mgeni anayelala Lusungwi kwa mara ya kwanza huamshwa na sauti akadhani kuna ugomvi. Ukungu umepanda kutoka bondeni, stendi haionekani, hospitali ya wilaya haionekani, hata mlango wa jirani umemezwa. Na ndani ya weupe ule wanawake wanasikika wakiita majina ya wanaume wazima, tena wazee wenye wajukuu, bila "baba," bila "mzee," jina tupu. Mgeni akiuliza, huambiwa anywe chai kwanza. Kisha, akimpata mtu mwenye nafasi, husimuliwa haya.

Kulikuwa na wakati ambapo mji huu haukuwa mji. Zilikuwepo nyumba chache tu juu ya mgongo wa mlima, kila moja imejitenga na mwenzake, na ukungu ulikuwa haupandi. Ulilala bondeni juu ya mto kama ng'ombe aliyeshiba. Katikati ya mteremko palikuwa na ukanda wa mianzi iliyoshonana hata mbuzi hapenyi, na ukungu ulikuwa ukifika hapo ukasimama. Watu wa juu waliutazama kutoka kwenye jua lao wakisema, "Wa bondeni leo hawaoni hata vidole vyao," wakacheka, wakaendelea na kazi.

Nyumba zilijitenga kwa makusudi. Desturi ya watu hawa ilikuwa kwamba mkamwana haonani na baba mkwe wake, hasemi naye, wala jina lake halitoki kinywani mwake. Njia zenyewe zilikuwa mbili: ya juu ya wanawake, na ya chini, kandokando ya genge lenye poromoko refu, ya wanaume. Mahali njia hizo zilipokaribiana, mwanamke akihisi baba mkwe yuko karibu aligonga jembe kwenye jiwe, na mwanamume aliyelelewa vizuri, akisikia jembe, aligeuza uso na kusogea upande wa chini ili kumwachia nafasi. Hiyo ndiyo iliyoitwa heshima. Nani alimheshimu nani hapo, hilo halikuulizwa.

Sekela aliolewa katika nyumba ya Mwanjoka. Kwa sababu ya jina hilo hakuruhusiwa hata kusema "nyoka," maana linakaribiana na jina la mzee. Siku moja nyoka aliingia jikoni, na Sekela, kitanda cha mtoto kikiwa hatua chache tu kutoka pale, alibaki mlangoni akipiga kelele, "Yule asiye na miguu! Yule asiye na miguu yuko ndani!" Mumewe, Kajela, alikuja mbio akidhani kuna kiwete amevamia nyumba. Watu wa ukoo walicheka mpaka mavuno yakaisha. Sekela hakucheka. Alikuwa amehesabu moyoni mwake muda uliopotea kati ya kumwona nyoka na kueleweka, na muda ule haukumtoka.

Basi wazee walikaa barazani wakaamua kukata mianzi ili wapate mashamba ya ulezi. Aliyesema kwa nguvu zaidi alikuwa Kalindu, mzee wa mipaka, mtu ambaye akikohoa wengine hunyamaza. Wanawake waliochota maji chini ya mianzi ile walijua ni nini kilichozuiliwa pale. Walikuwa wameuona ukungu kwa karibu, ukijisukuma kwenye mashina asubuhi baada ya asubuhi. Lakini barazani hawakuingia, na hakuna aliyetoka nje kuwauliza. Mianzi ilikatwa, ikachomwa, ulezi ukapandwa juu ya majivu.

Mvua za kwanza zilipopita, ukungu ulipanda. Haukubisha hodi. Mtu aliinama kupalilia kwenye jua, akainuka akiwa hauoni mpini wa jembe lake.

Haukupita muda mrefu, mzee mmoja aitwaye Kasebele akaanguka gengeni, akafa. Mkamwana wake alikuwa shambani juu ya njia, akasikia kikohozi chake ndani ya ukungu, na akafanya kama alivyofundishwa. "Niligonga jembe," alisema mbele ya mashangazi wa mumewe. "Niligonga kwa nguvu zangu zote." Wazee wakaamua kwamba aligonga kwa kuchelewa, na kwamba miguu yake ilileta nuksi kwenye ukoo. Alirudishwa kwao peke yake. Mtoto wake, ambaye bado alikuwa ananyonya, akabaki kwa ukoo. Halikulaumiwa genge, haukulaumiwa ukungu, haikulaumiwa mianzi iliyokatwa. Alilaumiwa mwanamke mwenye jembe.

Tangu siku hiyo Sekela hakulala vizuri. Alikuwa na binti, Tusa, wa kubebwa mgongoni, na kila ukungu ulipopanda alimfunga mgongoni kwa nguvu kana kwamba mtu amekwisha kuja kumchukua. Alilirudia rudia jambo la Kasebele kichwani. Mzee alisikia jembe? Alisikia. Kwa hiyo alifanya nini? Alisogea upande wa chini. Na upande wa chini kulikuwa na nini?

"Jembe ndilo lililomuua," alimwambia Kajela.

"Jembe lina macho?"

"Halina. Ndiyo maana. Mnasikia jembe mnasogea gengeni, kwa adabu."

"Mke wangu," Kajela alisema huku akitazama mlangoni, "baba yangu akisikia unachosema utaniacha na sufuria tupu na mtoto analia. Palilia upande wa mbali tu, utakuwa salama."

"Na baba yako?"

Kajela akaenda kutazama mbuzi ambao hawakuhitaji kutazamwa.

Kisha mvua kubwa ilikula ukingo wa njia ya wanaume. Sekela aliliona pengo jioni ile ile kutoka shambani kwake: njia ilikwenda vizuri, halafu nusu ya chini haikuwepo, imekatwa kama mkate. Alimwambia Kajela, na Kajela akaahidi kumwambia baba yake asubuhi. Lakini asubuhi mzee aliamka kabla ya mwanawe, akaenda kutazama mtego wake wa fuko, na ukungu ukaamka pamoja naye.

Sekela alikuwa amekwisha kufika shambani, Tusa mgongoni, ukungu ulipomfikia. Alisimama pale pale. Ndani ya weupe alisikia fimbo yenye ncha ya chuma ikigonga mawe, kisha kikohozi anachokijua. Mwanjoka alikuwa akija kwenye njia ya chini, akielekea pengo.

Mkono wake ulifanya kazi kabla ya akili. Aligonga jembe kwenye jiwe.

Fimbo ilinyamaza kidogo. Halafu akaisikia ikihama, taratibu, kwa heshima, kuelekea upande wa chini.

Sekela aliliachia jembe kana kwamba limemwunguza. Alirusha bonge la udongo. Lilianguka kwenye majani bila sauti. Alijikohoza. Mzee, aliposikia kikohozi cha mkamwana, alisogea tena, kwa maana alikuwa mtu mwenye adabu sana. Kila alichoruhusiwa kufanya Sekela kilimsukuma mzee yule karibu zaidi na ukingo. Kilichobaki ni kile asichoruhusiwa. Akakumbuka yule mkamwana wa Kasebele akitelemka kwenda kwao, maziwa yamelowesha nguo kifuani, mikono haina mtoto. Tusa alipumua shingoni mwake. Nyuma ya pumzi ile, fimbo ilikuwa inatembea.

"Mwanjoka!" aliita. "Simama hapo hapo ulipo!"

Bonde zima likasikia, maana ukungu hubeba sauti. Na Mwanjoka akasimama. Hakusimama kwa utii. Alisimama kama mtu aliyepigwa kofi, kwa kuwa maishani mwake hakuna mwanamke wa nyumba yake aliyewahi kumwita hivyo. Ncha ya fimbo yake ilisukuma jiwe. Jiwe likaondoka, na wote wawili wakasubiri kulisikia likifika chini. Walisubiri sana.

"Nani ameniita?" mzee aliuliza hatimaye, na sauti yake ilikuwa ndogo.

"Mimi, baba. Mama Tusa. Njia imekatika mbele yako. Rudi nyuma, ufuate sauti yangu."

"Sauti yako siruhusiwi kuisikia."

"Basi nigonge jembe?"

"Hapana," akasema mzee. "Jembe ndilo lililonileta huku. Sema tu."

Akasema. Hakujua la kumwambia baba mkwe, hakuwahi kulihitaji, kwa hiyo alitaja vitu vilivyokuwa shambani: hapa pana maharage, hapa pana boga, hapa pana jiwe kubwa, lizunguke. Mzee alipanda kwa mikono na magoti mpaka akashika mizizi ya boga. Hapo akageuza uso pembeni, ingawa hakuna aliyekuwa anaona kitu, akapita bila kusema neno.

Siku hiyo hiyo mchana baraza liliitishwa nyumbani kwa Mwanjoka mwenyewe. Ukungu ulikuwa umeshuka na jua limetoka, na Sekela alikaa nyuma ya ukuta wa matete, Tusa akinyonya, akisikia hatima yake ikizungumzwa upande wa pili. Kajela alikuwa amekaa karibu na ukuta kiasi kwamba Sekela aliweza kuuona mgongo wake. Ulikuwa umejikunja.

"Leo amemwita kwenye ukungu," alisema Kalindu. "Kesho atamwita sokoni. Keshokutwa atamtuma maji. Arudi kwao. Mtoto ni wa ukoo, abaki."

"Kama asingeniita, mngekuwa mnanizika," alisema Mwanjoka.

"Tungekuzika kwa heshima."

Baadhi walicheka. Mwanjoka hakuendelea. Sekela alisubiri aendelee, na kadiri alivyosubiri ndivyo alivyoelewa kwamba mzee alikuwa na aibu. Ameokolewa, na kuokolewa kule kulimchoma. Wazee wakaanza kupanga nani atamsindikiza. Sekela alimshika Tusa kwa nguvu hata mtoto akaacha kunyonya, akalia.

Jua likapotea. Mwanga uliopita kwenye matete ukageuka mweupe, kisha ukawa hauna umbo. Mgongo wa Kajela ukafutika. Barazani mtu mmoja akasema, "Umepanda tena," na mazungumzo yakakatika katikati ya sentensi. Njia ya kwao wote ilikuwa ile ya gengeni, na kabla ya baraza wote walikuwa wamekwenda kulitazama pengo.

Hapo Sekela akasema kupitia ukutani.

"Wazee wangu, siwaoni wala hamnioni, kwa hiyo sijavunja kitu. Nauliza tu. Leo nani kati yenu atakwenda nyumbani akiongozwa na jembe?"

Mtu alikohoa, mwingine akavuta kiti. Wangengoja ukungu ushuke, lakini mbuzi walikuwa nje, moto ulikuwa umezimika, na baridi ya Lusungwi haina subira. Hatimaye ni Kalindu aliyeinuka, maana nyumba yake ilikuwa ndiyo ya karibu na yeye ndiye aliyejiona hodari. Alifika mlangoni. Akatoa mguu nje, akaurudisha. Akatoa tena, akaurudisha.

Nyumbani kwake, ng'ambo ya weupe, alikuwepo mkamwana wake, msichana mpole ambaye tangu aolewe hakuna mwanamume wa ukoo ule aliyewahi kusikia sauti yake.

"Niite," alisema Kalindu kuelekea huko. Hakupaza.

"Hasikii," alisema Mwanjoka kutoka ndani ya ukungu. "Paza, mzee wa mipaka."

"Niite!" alipaza Kalindu. "Wewe, mama! Mimi ni baba mkwe wako. Niite kwa jina nijue pa kukanyaga!"

Kimya. Kila mtu kwenye baraza lile aliusikia ukimya ule na kila mtu alijua nani aliyeutengeneza. Msichana alikuwepo, alisikia, na aliogopa. Alikuwa amesikia asubuhi Sekela akiita, na alikuwa amesikia kinachompata anayeita.

"Hatarudishwa mtu," alisema Kalindu, na sasa sauti ilipasuka. "Mama Tusa hatarudishwa, na wewe hutarudishwa. Nimesema mbele ya wazee. Niite, mwanangu."

Ndipo ikaja, nyembamba, ikikwama kwenye koo ambalo halikuzoea: "Kalindu. Huku, Kalindu. Huku."

Na tangu siku hiyo, ukungu ukipanda Lusungwi, kila mkamwana husimama mlangoni na kumwita baba mkwe wake kwa jina lake mpaka aitike. Kwa kuwa sauti ina mwisho, watu walianza kujenga karibu karibu, nyumba ndani ya sauti ya nyumba, na hivyo ndivyo mgongo wa mlima ulivyogeuka mji, ukapata soko, stendi na ofisi za wilaya. Njia mbili zilivutwa pamoja juu, mbali na genge, zikawa barabara kuu; ule mgongo wa nyasi unaopita katikati yake ndio unaoonyesha zilipokutana. Mianzi ilipandwa tena, lakini haijawahi kushonana kama ya kwanza.

Ila wazee walibakiza kifungu kimoja. Ukungu ukishuka, majina hushuka nao. Jua likitoka, mkamwana huinamisha macho na kunyamaza, na nyoka huwa tena yule asiye na miguu. Ndiyo maana hadi leo wapo wanawake Lusungwi ambao, wakiwa na neno linalowakaba, huamka mapema, hufungua mlango na kutazama bondeni kwa wasiwasi, wakiuomba ukungu uleule unaoua watu, upande haraka.