Bibi Mbuke Asiyewapamba Marehemu

Paukwa!

Pakawa!

Mmekula au hamjala? Paukwa!

Pakawaaa!

Hapo zamani za kale, kanisa likiwa bado limeezekwa nyasi, palikuwa na kijiji. Kijijini hapo mtu hazikwi kabla Bibi Mbuke hajasimama kaburini kumsemea. Alikuwa mzee, mcha Mungu, na hakujua kumpamba marehemu. Ulichofanya, atasema. Usichofanya, hasemi ng'o.

Siku moja akazikwa bwana mmoja mnene. Bibi Mbuke akasimama, akasema, "Alikula vizuri. Alilala vizuri. Amina." Akaketi.

Watu wakauma midomo. Luhende, mkulima hodari, akashindwa kabisa, akacheka kwa sauti. Lakini alipofika nyumbani akausukuma ugali kando, akajiuliza: Je, mimi atanisemea nini? Hofu ikamwingia hasa. Maana Luhende alikuwa na mdogo wake, Sitta, tumbo moja, ng'ambo ya kijito. Miaka tisa hawakusalimiana. Kisa? Jogoo! Sitta alimchinja jogoo wa Luhende siku ya Krismasi bila kuomba.

Asubuhi Luhende akaenda kwa Bibi Mbuke, akamkuta anapeta mtama. Fyu, fyu, fyu.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Unaumwa?"

"Siumwi. Nimekuja tupange maneno. Siku yangu ikifika, sema nilikuwa Mkristo wa kweli."

"Uliyefanya nini?"

"Niliyetaka kumsamehe ndugu yangu."

"Ulitaka, au ulimsamehe?"

"Baada ya mavuno, Bibi."

"Haya. Kingine?"

"Niliyetaka kumwezekea yule mjane jirani yangu nyumba yake."

"Ulitaka, au ulimwezekea?"

"Baada ya mavuno."

Fyu, fyu, fyu. Bibi akapeta weee.

"Kumbe mwenzetu Mungu amekuahidi mavuno! Mimi hajaniambia hata kama nitaula mtama huu. Halafu kanisani nakaa nyuma yako. Tukisali, tukifika pale pa kuwasamehe waliotukosea, wewe unakohoa. Kho! Kho! Kho! Kifua gani hicho kinachouma mahali pamoja tu?"

Luhende akaona aibu. Akacheka, na machozi yakamtoka. Hakupita nyumbani. Akavuka kijito, chubwi, chubwi, chubwi.

Sitta alikuwa ameketi mlangoni, amekonda, kajifunika shuka mchana kweupe. Luhende hakujua kwamba ndugu yake anaumwa. Nani angethubutu kumtajia jina lile?

"Nimekuja kuhusu yule jogoo," akasema.

Sitta akamtazama sana. "Alikuwa mgumu, kaka. Tulimtafuna siku mbili. Nisamehe."

"Nimekusamehe. Nisamehe na mimi."

Wakakumbatiana, wakalia kama watoto.

Walipata wiki tatu. Wiki tatu tu! Kila siku Luhende alimnywesha uji, wakasali pamoja, wakamcheka yule jogoo. Kisha Sitta akafariki, mkono wake ukiwa mkononi mwa kaka yake. Luhende alilia sana. Hakuzililia zile wiki tatu. Aliililia ile miaka tisa.

Matanga yalipokwisha akakata nyasi, akapanda juu ya nyumba ya mjane.

Siku zetu ni chache, wapenzi, na wema ambao Bwana anatutaka tuutende, anautaka tungali hai. Ngano yangu naitua hapa. Inukeni mwende, kila mmoja wenu anamjua anayemsubiri.