Mashimo Mia Nne na Hamsini

Hapo zamani, Ijumaa moja ya mwezi wa Juni, walikuwapo watu watano katika darasa la nane la shule ya kati ya wasichana, milimani Umatengo. Alikuwapo Mwalimu Agripina Hyera, mkuu wa shule. Alikuwapo Bwana Longinus Komba, mkaguzi. Alikuwapo Efrazia Kapinga. Alikuwapo Kandida Ndunguru. Alikuwapo Skolastika Nchimbi, ambaye wengi walimwita Skola, lakini jina lake la ubatizo ni Skolastika.

Wasichana hao watatu walikuwa wamefungana kwa alama, na nafasi ya sekondari ilikuwa moja tu. Mkaguzi akasema atawapa hesabu moja ya asilimia. Wakikosa, nafasi itakwenda shule nyingine. Desturi ya shule ile ilikuwa dawati moja, kibao kimoja, jibu moja. Basi wakakaa pamoja.

Hesabu ilihusu shamba la shule, lililolimwa kwa ngolo, yaani mashimo ya mteremkoni ambayo huzuia mvua isichukue udongo. Mvua imebomoa asilimia ishirini ya mashimo. Yamebaki 360. Yalichimbwa mangapi?

Efrazia alikuwa mwepesi. Akatafuta asilimia ishirini ya 360, akapata 72, akajumlisha, akaandika 432.

Kandida akalijaribu jibu. Akaondoa asilimia ishirini ya 432, yakabaki 345 na ushee.

"Hayafiki 360, dada," akasema. "Na hilo shimo la ushee alilichimba nani, wewe?"

Efrazia akafuta. Lakini Kandida alilijua kosa tu, njia hakuijua.

Skolastika, mzito wa kuandika na hodari wa jembe, akanong'ona kwamba asilimia ni ya mashimo yaliyochimbwa, si ya yaliyobaki. Katika kila matano, moja limebomoka, manne yamebaki. Kwa hiyo 360 ni mafungu manne. Fungu moja ni 90. Mafungu matano ni 450.

Mkaguzi akataka mmoja asimame aeleze. Kandida akainama. Skolastika naye akatazama sakafu. Efrazia akasimama, akashika chaki, akaandika hatua zote ubaoni. Mkaguzi akamwuliza mara tatu kama ana hakika si 432. Mara tatu akajibu, "Ni 450, bwana."

Mwalimu Agripina akafungua daftari la shamba. Iliandikwa 450. Mkaguzi akavua kofia. Kengele ikagongwa, shule nzima ikapanda mteremko kwa vigelegele, wakahesabu yaliyobomoka: tisini kamili. Wote watatu wakabebwa juu juu mpaka uwanjani.

Walipowekwa chini, mkaguzi akauliza nafasi ni ya nani.

Efrazia akasema, "Nilisimama ninyi mkitazama sakafu. Bila mimi jibu lingebaki chini ya dawati."

Kandida akasema, "Bila mimi ungesimama na 432 yako."

Skolastika akasema, "Mmoja aliliona kosa, mwingine alikuwa na mdomo. 450 mliipata kwangu."

Mkaguzi akamwachia Mwalimu Agripina fomu ya nafasi ile aandike jina moja, kwa kuwa ndiye aliyewafundisha. Tarishi angeichukua Jumatatu. Mwalimu akasema jina analijua, ataliandika baada ya misa ya Jumapili.

Mwalimu Agripina Hyera alifariki Jumapili asubuhi, kabla ya misa. Fomu ilikutwa mezani, haina jina, na tarishi amekwisha fika.

Je, ninyi mnaonisikiliza, aandikwe nani?