Sultani Aliyewafunga Wahuni wa Sarufi

Hapo zamani, enzi ambazo mfalme akikosa vita hujitafutia masomo, Sultani Mwinyi Hatibu wa Pazani alisoma sarufi siku arubaini, akaharibika. Nomino akaziita waungwana, vitenzi watumishi, na vivumishi wapambe wasiojua ila kujipendekeza. Vihisishi, yaani lo, ala, hodi, karibu na wenzao, akasema ni wahuni wasio na ukoo. Atakayewatamka atafungwa mwaka. Mimi nasema sarufi haikuwa na kosa, ni ukosefu wa kazi tu.

Basi Jumatano, Mishi, mpishi wa jumba, akaungua na sufuria, akasema ala. Akafungwa. Mumewe Mbaruku, mfagizi wa ua, fukara asiye na kanzu ya pili, akaenda kulia mbele ya Sultani, maana alimpenda mkewe, na mtoto wao alikuwa bado ananyonya.

"Siku nitakayotamka mimi neno la kihuni, mkeo atatoka," akasema Sultani. "Ijumaa ikipita sijatamka, utamfuata."

Mbaruku akaomba jambo moja, awe bawabu wa mlango wa mama yake Sultani hadi siku hiyo. Akapewa, na watu wakamwona mwehu.

Ikawa Ijumaa baada ya swala, Sultani akaja na mawaziri kumwamkia mamaye na kula pilau, kama ilivyo desturi yake. Akakuta mlango umefungwa, Mbaruku amekaa kando. Akakohoa. Mama akajibu kutoka ndani kwamba mwenye kikohozi aende kwa mganga. Akagonga, akaambiwa mbuzi wafukuzwe mlangoni. Basi akasema kuwa ni yeye, mwanawe.

"Mwanangu nimemlea mwenyewe," akasema mama, "haingii kwa wanawake bila kupiga hodi. Huyo ni mwizi. Mbaruku, waite askari."

Mawaziri wakatazama makubadhi yao. Jua likawaka, harufu ya pilau ikapita chini ya mlango, na Sultani akalowa jasho kwa njaa na aibu. Mwisho akanong'ona, "Hodi, mama."

"Sisikii."

"Hodi!"

"Karibu, mwanangu."

Mbaruku akainama kwa adabu zote. "Bwana wangu, wahuni sasa wamekuwa wawili. Nani atangulie kumfuata Mishi gerezani, wewe au mama?"

Sultani akautazama mlango, akawatazama mawaziri, akacheka kicheko cha mtu aliyekamatika. Mishi akatolewa kabla pilau haijapoa, sheria ikafutwa, na Mbaruku akakaribishwa sinia moja na Sultani.

Ila mama alimpakulia Mbaruku kwanza.