Silabi Moja ya Kwamgwasi

Hapo zamani, si zile za sungura kusema na fisi bali hizi za redio kaseti, palikuwa na mwanahistoria aitwaye Daktari Melania Haule.

Hakukaa maktaba. Miaka ishirini na miwili alizunguka mashamba ya mkonge akiwahoji manamba, wale vibarua waliosombwa kutoka mbali na kuitwa kwa namba badala ya majina. Aliandika vitabu, na alichokiandika akakitembeza barabarani. Alishika bango, akawekwa ndani. Akatoka, akashika bango. Chuo kikamwachisha kazi, mume akachoka, yeye akaendelea.

Alikuwa na sheria moja, na kila kitabu chake kiliibeba ukurasa wa kwanza: neno la shahidi haliongezwi wala halipunguzwi.

Sasa sikilizeni neno lenyewe.

Katika shamba la Kwamgwasi kulikuwa na makaburi thelathini na moja ya manamba, ya tangu enzi za mkoloni. Wenye shamba walisema watu hao waliungua, walipojitolea kuzima moto kwenye ghala la singa, zile nyuzi za mkonge. Wanakijiji walisema hapakuwa na moto wowote: vibarua waliweka visu chini, wakakataa kazi, wakapigwa risasi. Mwenye shamba mpya akataka pasawazishwe ajenge. Baraza la ardhi likasema: kama waliuawa kwa kugoma, mahali patahifadhiwa, kama ni ajali, patasawazishwa. Leteni maandishi.

Maandishi yalikuwa sura ya saba ya kitabu cha Melania, basi. Shahidi aliyebaki hai alikuwa Mzee Semboja, aliyewachotea maji vibarua wale. Aliiambia kaseti hivi: "Walijitoa wote thelathini na mmoja, na jua halijapanda wakawa wamelala." Kujitoa, kwa wazee wa mkonge, ndiyo kugoma. Hawakuwa na neno jingine.

Aliyetaipu ni Mwajabu, msaidizi wa Melania. Mzee hakuwa na meno, alimeza silabi, na Mwajabu alikwisha kuzoea kumrudishia. Hapo napo akamrudishia moja. Akaandika: walijitolea. Kisha kaseti ikafutwa ili irekodiwe mahojiano mengine, kama ilivyokuwa kawaida ya ofisi ile.

Siku ya baraza wakili wa shamba alikuja na kitabu kimoja tu mkononi.

"Daktari, tusomee mwenyewe. Sura ya saba, mstari wa nne. Kwa sauti."

Melania akasoma. Alipolifikia neno, akakisogeza kitabu karibu na macho.

"Endelea, mama. Au miwani ina vumbi?"

"Walijitolea," akasema Melania.

"Ahsante. Na sisi tunasema hivyo hivyo siku zote."

"Si hivyo! Alisema walijitoa. Ni kosa la taipu!"

"Na hii sheria yako ya ukurasa wa kwanza, nayo ni kosa la taipu?"

Watu wa shamba wakacheka. Mwenyekiti akamgeukia Mzee Semboja. "Mzee, ulisemaje?"

"Walijitoa, mheshimiwa."

"Na asubuhi nilipokuuliza hapa hapa, ulinijibu nini?"

Mzee akainamisha kichwa. "Nilijibu, mimi nasema kama kitabu kilivyosema."

"Basi," akasema mwenyekiti, akafunga jalada.

Alhamisi asubuhi trekta likasimama pembeni mwa makaburi. Kwamgwasi wana desturi yao: kaburi haliguswi mpaka mwenye kosa lililolifikisha hapo, mtu mmoja tu, apige magoti, amwage unga, aombe radhi kwa kinywa chake. Akipiga magoti asiye mwenye kosa, wafu hawapokei. Bi Nyamvula, aliyezaliwa miezi minne baada ya baba yake kuzikwa pale, akaja na bakuli la unga.

"Wasomi wawili na mkongwe mmoja, mmeshindwa na silabi!" akasema. "Haya, nimpe nani bakuli?"

"Nipe mimi, bibi," akasema Mwajabu. "Neno nimeliharibu kwa vidole hivi. Nilidhani namsaidia mzee. Lakini niliweka alama ya penseli pembeni, Daktari aangalie."

"Alama niliiona," akasema Melania. "Prufu, zile kurasa za kusahihisha, zilinikuta nimetoka mahabusu nilikokaa siku tisa, kwa ajili ya makaburi haya haya. Zilibaki siku mbili tu kitabu kichapwe. Nilisoma sura sita. Ya saba nikasema naijua kwa kichwa, nikatia saini. Na aliyeamuru kaseti zifutwe ni mimi. Nipe mimi."

"Kaeni chini, wanangu," akasema Mzee Semboja. "Mjukuu wangu alinisomea kitabu mwezi mzima kabla ya baraza. Nikalisikia lile neno. Nikajua. Nikajiambia, mimi nisiyeingia hata darasa la kwanza nimsahihishe daktari aliyefungwa kwa ajili yetu? Nikaona haya. Ninyi mlikosea hamjui. Mimi nilinyamaza najua."

"Ungelisahihisha nini, babu, kama mimi nisingeliandika?" Mwajabu akalia.

"Na angeandika nini kisichorekebishika, kama ningesoma?" akasema Melania.

Bi Nyamvula akawatazama mmoja mmoja. "Baba yangu hakuwahi kuniona. Nimwambie nini leo, kwamba mnagombania kumpenda?"

Dereva wa trekta akachungulia. "Jamani, mmemaliza? Mimi nimetumwa tu."

Melania akayatazama matuta yale yasiyo na majina. Hata yeye, miaka yote ile, alipata namba zao tu. Miaka ishirini na miwili alikuwa akiuliza na watu wakimjibu, na sasa swali lilikuwa dogo kuliko yote aliyowahi kuuliza: nani apewe bakuli? Aliangalia mikono ya Mwajabu. Aliangalia mdomo wa mzee. Aliangalia kidole chake mwenyewe, kile cha kutia saini. Dereva akawasha injini.

Nanyi mnaosikiliza, unga ni bakuli moja, na wafu watapokea magoti ya mtu mmoja tu: aliyeandika, aliyetia saini, au aliyenyamaza. Semeni upesi, trekta limeshaanza kutembea. Je, nani alistahili kupiga magoti?