Kazi ya Birika na Jina la Zafarani

Wametusimulia waliotutangulia, na Mwenyezi Mungu ndiye ajuaye zaidi, kwamba palikuwa na mji ambao kadhi wake, Sheikh Numani bin Idirisa, alikuwa mcha Mungu asiyependa maneno mengi. Yeye ndiye aliyegawa kazi za umma zinazolipwa na Baitulmali: kuta za mji, visima, na birika kubwa la maji ambalo kila mwaka lilipakwa chokaa upya. Wenye kutaka kazi walisimama uani mwa msikiti baada ya sala ya Ijumaa, kila mmoja akataja bei yake, na mwenye bei nafuu akapewa.

Kadhi akaona kwamba wanaopewa ni walewale siku zote, wenye matanuri ya chokaa na punda. Wajane na watumwa walioachwa huru waliishia kubeba mawe. Akatoa amri kwamba kazi ya birika mwaka ule iwe ya hao tu.

Wakubwa wakanung'unika. "Sheikh, huku si kubagua? Kazi ni kazi, apewe mwenye punda."

"Mwenye punda ameshapewa punda," akasema Kadhi. "Nyinyi mmeitwa hapa miaka yote. Hawa leo ndiyo kwanza waitwe."

Basi alikuwapo mchoma chokaa mmoja, Harithi bin Zubeiri. Hakuwa mtu mwovu, na hapo ndipo panapouma. Alikuwa mtu wa funga za sunna, mkono wake mwepesi kwa maskini, na mjakazi wake Zafarani alimwacha huru kwa ajili ya Mwenyezi Mungu bila kuombwa na mtu. Zafarani hakuwa na pa kwenda, akabaki nyumbani mwake akipika. Kazi ya birika Harithi alikwisha kuizoea kama urithi wa babake. Alipoona inamponyoka, akaenda jikoni.

"Zafarani, Ijumaa utasimama uani uitake kazi ya birika. Bei nitakwambia mimi."

"Mimi, bwana? Iwe kazi yangu?"

"Yako kwa mdomo. Tanuri langu, punda wangu, mafundi wangu. Wewe utapata doti ya nguo."

"Na nikiulizwa?"

"Wewe umeshakuwa huru. Nani atakuuliza?"

Zafarani akarudi kukoroga chungu.

Ijumaa ilipofika, wa kwanza kusimama alikuwa mjane, Rukia binti Saadi. Yeye na binti zake walikuwa wamejenga tanuri dogo nyuma ya nyumba kwa kuitumaini amri ile, wakauza hata kitanda wapate kuni. Akataja bei ya haki. Kisha akasimama Zafarani, akataja bei ya chini kuliko ile, bei ambayo ni mwenye tanuri kubwa tu angeiweza.

"Zafarani," akasema mtani mmoja, "tangu lini wewe ukachoma chokaa? Au unasema ile mikate yako ya juzi?"

Watu wakacheka. Rukia hakucheka. Alikaa chini akajifunika uso kwa ushungi wake.

Lakini Zafarani ni mtu aliyeachwa huru, na bei yake ndiyo nafuu. Kadhi akatamka kwamba kazi ni yake.

Sasa, mji ule ulikuwa na desturi. Anayepewa kazi ya umma hutaja hadharani majina ya wote watakaokula katika kazi ile, kisha huombewa baraka jina kwa jina, na watu huitikia amina. Harithi alikuwa ameombewa dua hiyo mara nyingi mno hata akawa haisikii tena. Kule jikoni hakuikumbuka kabisa.

Kadhi akamgeukia Zafarani kwa upole. "Mama, taja watakaokula nawe, tuwaombee."

Uwanja mzima ulikwisha kuinua mikono, na Harithi miongoni mwao. Zafarani peke yake hakuinua yake.

"Taja, mama. Hata kama ni wewe peke yako."

"Mimi simo, Sheikh. Mimi nitakula nilichokuwa nikila siku zote." Akainamisha kichwa. "Wa kuombewa ajitaje mwenyewe. Nimeishi kwake miaka mingi, jina lake silitoi mimi."

Harithi akaiona mikono yake iliyo wazi mbele ya uso wake, inangoja baraka juu ya riziki ya mjane. Bado alikuwa na nafasi ya kunyamaza. Angeweza hata kusema mwanamke huyu amechanganyikiwa, na watu wangemsadiki yeye. Akaiteremsha mikono.

"Ni mimi, Sheikh."

"Sema watu wasikie."

"Kazi ni yangu na bei ni yangu. Nimemsimamisha huyu mama, nikajificha nyuma yake."

Kadhi akamwuliza, "Harithi, siku ulipomwacha huru, ulibakisha nini?"

Harithi akamgeukia Zafarani. "Jina lake, Sheikh. Nililibakisha, nikalituma kama nilivyokuwa nikimtuma yeye."

Kazi ikaenda kwa Rukia. Alipoambiwa ataje wa kuombewa, akataja binti zake, akasita, akasema, "Na Zafarani, akitaka kuja kuchoma chokaa nasi. Lakini atapata fungu lake, si doti." Zafarani akavuka uwanja akakaa karibu naye.

Harithi akamfuata pale, akamwomba radhi mbele ya watu.

"Kamwombe kwanza huyu aliyeuza kitanda," akasema Zafarani. "Mimi nitakujibu siku nitakayoweza."

Waliotupokeza habari hii hawakutuambia kama siku hiyo ilifika.

Enyi ndugu zangu, leo sheria inasema fungu fulani la zabuni za serikali ni la wanawake, vijana na wenye ulemavu. Kisha tunaona kampuni ina jina la mke asiyejua hata ofisi yake iko mtaa gani, na kijana aliyepewa nauli tu ya kwenda kutia saini. Mwenye kampuni hasa anakuja msikitini, anajipanga nasi, anasema amina kwa sauti kubwa, nasi tunaomjua tunamsogezea nafasi. Harithi alikosa, lakini haya alikuwa nayo. Sisi tunakosa, kisha tunakwenda kula karamu ya pongezi.

Ewe Mola, tutie haya tungali hapa, kuliko kutuaibisha huko.