Msusi wa Saa na Ndoto

Nikisema "Kale!", nanyi itikieni "Kale ya kale!" Kale! ... Ah, wengine bado mnatafuna. Kale! ... Haya, sasa sikizeni.

Hapo kale, jua lilipokuwa bado linatembea polepole, palikuwa na mji uitwao Mtungamo. Humo aliishi bibi mmoja, Bi Mwanashuru, msusi wa mikeka. Lakini si mikeka kama huu mliokalia. Yeye alisuka saa na ndoto.

Ukitaka mkeka wake, ulimpelekea chane za mkindu ulizozinong'oneza ndoto yako, na chane nyingine ulizozishika mkononi ukingoja maharage yaive. Hizo ndizo saa. Naye alisuka, saa chini, ndoto juu. Saa chini, ndoto juu. Aliyelala juu ya mkeka ule alilala fofofo, na ndoto yake ikafika mwisho.

Alikuwa na mwiko mmoja: akisuka, hasemi. Neno likimponyoka huingia katika ukili, ule utepe unaosukwa, likaiharibu ndoto. Na vipande vilivyobaki alivitia kapuni, akafunika. Vilikwenda wapi? Hakuna aliyejua.

Nyinyi mngemshuku? Hata mimi ningemshuku.

Jirani yake, Bwana Shekue, alianza maneno. "Siku hizi jua linazama mapema. Mnajua kwa nini? Litazameni kapu lile! Vipande vya saa zetu vimo mle."

"Si umuulize?" wakamwambia.

"Nimemuuliza! Kanikodolea macho, mdomo umejaa chane kama mbuzi."

Watu wakacheka. Lakini wakiondoka, kila mmoja alilitupia jua jicho.

Basi palikuwa na mama, Mwashamba, na bintiye Tunu. Tunu alishikwa na homa, akakosa usingizi siku saba. Saba, wajukuu zangu! Asiyelala ana ndoto gani ya kupeleka? Na mama wa mgonjwa ana saa gani ya kungoja maharage? Mwashamba akaenda mikono mitupu.

"Nenda, mwanangu," Bi Mwanashuru akamwambia. "Rudi kesho alasiri."

Kesho yake hakungoja alasiri. Adhuhuri alikuwa njiani, akakutana na Bwana Shekue.

"Umempelekea chane ngapi?"

"Sikupeleka hata moja."

"Basi anasuka nini, dada yangu? Kama si siku za mwanao, ni nini?"

Mwashamba akatimua mbio hadi kwa bibi. Akaingia bila hodi, akamkuta bibi anachomoa chane kapuni, anasuka mbio.

"Bibi, hizo za nani?"

Kimya.

"Nakuuliza, hizo za nani?"

Kimya.

"Ni siku za Tunu?"

Bibi akatikisa kichwa, akazidi kusuka. Mwashamba hakuamini. Akaushika mkeka, akaufumua, fu, fu, fu, kiasi cha shubiri moja.

Bi Mwanashuru akatema chane. "Mwashamba! Hizi ni saa na ndoto za mji mzima. Nimeweka masalio yake kwa ajili ya asiye na chake. Sasa kapu ni tupu, na chane zilizofumuliwa hazisukiki tena."

"Nisamehe, bibi."

"Uchukue hivyo hivyo. Mtoto anangoja."

Tunu akalazwa juu ya mkeka, akalala papo hapo. Jasho likamtoka, homa ikamtoka. Asubuhi akaamka mzima, akaomba uji.

"Mama, nimeota natembea na watu wote wa mji. Hata Bwana Shekue alinishika mkono! Tukafika mlangoni. Ndani kuna mtu ananiita kwa jina langu, kwa sauti nzuri kweli. Nikanyoosha mkono nifungue, nikaamka. Yule alikuwa nani, mama?"

Mwashamba akautazama mkeka, pale alipoufumua shubiri moja.

Tunu akakua, akaolewa, akazaa, akazeeka. Na kila alipokwenda kumwamkia mama yake aliuliza: "Mama, yule alikuwa nani?"

Wajukuu zangu, shaka ina vidole vyepesi vya kufumua, lakini kusuka haijui. Ukishuku, ngoja kwanza mwenye kazi amalize, ndipo umuulize.

Kisa kimenitoka mimi, kimewaingia nyinyi. Kizuri kitunzeni, kibaya niachieni mwenyewe.