Nyamvula na Walio Mizizini

Sogezeni vigoda, nipeni masikio, nami niwape ngano.

Palikuwa na mwanamke aitwaye Nyamvula. Hakuwa na mume wala ndugu, ila mvule alioachiwa na mama yake. Kila kiangazi aliunywesha maji, miaka kumi na mitatu.

Siku moja likaja zimwi na shoka. "Naukata! Asiye na ndugu hana chake." Nyamvula akalipa mbuzi wake wote, likaondoka. Kesho yake likarudi, akalipa mtama wake wote. Siku ya tatu hakuwa na kitu tena. Akaukumbatia mti.

"Nikate na mimi!"

Zimwi likainua shoka. Mara sauti ikatoka chini: "Dada, usiogope. Miaka kumi na mitatu tumenyonya utomvu wa mizizi unayoinywesha. Leo tumetimia."

Ardhi ikatoboka matundu. Wakatoka nyenje, mia, elfu, wasiohesabika. Wakapanda mvule, wakapasua magamba, wakakunjua mbawa, wakaimba! Vilima vikatetemeka. Zimwi likatupa shoka, likaziba masikio, likakimbia lisirudi tena.

Wiki chache baadaye waimbaji wakafa. Kisha mayai waliyoyataga matawini yakaanguliwa, na watoto wadogo kama ulezi wakadondoka, wakajichimbia mchangani.

Majirani wakamwambia, "Maskini Nyamvula! Hawa wakitoka, wewe utakuwa kikongwe."

Nyamvula akasimama kifua mbele. "Kikongwe, ndiyo. Lakini mtakaposikia vilima vinatetemeka, mjue ni malezi yangu."

Ngano yangu imetua hapo. Mwenye yake naye aitue.